Tuliosoma Midomo

Mitambo mia nane ya kufuma chini ya paa moja:
ukipaza sauti unajichosha bure.
Mama alinifundisha siku ya kwanza kiwandani,
miaka kumi na mitatu, viatu vya mbao miguuni:
"Usinisikilize, Hepzibah. Nitazame mdomo."

Ndivyo wafumaji wa Lancashire tulivyozungumza,
bila pumzi, midomo ikivutwa kama mpira.
Tukamsengenya msimamizi akipita katikati yetu,
asiambulie kitu.

Jumamosi, peni tatu kiganjani, nyuzi za pamba nyweleni,
tulijaza sinema ya Barabara ya Mfereji.
Bibi Clegg kwenye piano, na kidole chake kisichokunjika.
Habari za wiki zilikuja bubu.
Waziri anakagua bandari. Kadi nyeusi, maandishi meupe:
*Mheshimiwa awapongeza wafanyakazi.*
Na sisi, safu tisa za wanawake, kicheko!
Maana mdomo wa Mheshimiwa ulisema:
"Kiatu hiki kitaniua."

Mgeni mmoja kutoka Manchester akageuka, "Mnacheka nini?"
Asiyejua maana haambiwi maana.
Tulimpa karanga.

Lakini kuna usiku hatukucheka.
Jenerali mbele ya makaburi, kofia kifuani,
kadi ikasema *Kwa huzuni kuu*,
mdomo ukasema, "Chakula cha mchana saa ngapi?"
Ethel Pickup, aliyepoteza kaka wawili vitani,
akajifunga shali, akatoka.
Bibi Clegg aliendelea kupiga, taratibu, vizuri sana.
Hakuwahi kufuma. Hakuona kitu.

Kisha wakaja na nyaya, wakaweka spika nyuma ya pazia.
Bibi Clegg alipewa saa ya mezani
na ruhusa ya kuchukua kigoda chake.

Sitadanganya: juma la kwanza nililia.
Jogoo aliwika. Treni ilipita kifuani mwangu.
Mvua ilinyesha London nami nikaisikia,
mvua ile ile inayonilowesha kila siku,
nikaisikia kana kwamba ni ya mtu mwingine.

Halafu ikaja Sauti.
Ya mwanamume ambaye hajawahi kukosa makaa ya mawe.
Mafuriko, farasi, harusi ya tajiri, watu wenye njaa:
vyote kwa uchangamfu ule ule,
kama mtu anayemimina mchuzi mmoja juu ya kila sahani.
Wakubwa nao wakajifunza. Walisimama wima
mbele ya maikrofoni, karatasi mkononi,
mdomo na neno vikaenda sambamba,
na sisi hatukubakiwa na cha kusoma.

Majira ya baridi kiwanda chetu kikafungwa.
Gari la sauti likaja, zito kama gari la maiti,
waya wake ukalala juu ya mawe ya barabara.
Walimchagua Ethel kwa sababu ya uso wake.
Alisema kwa kirefu. Fundi akainua mkono:
treni imepita, rudia.
Akarudia. Mbwa. Rudia.

Baada ya siku tisa tulimwona, mkubwa kuliko nyumba,
mdomo ukienda,
na juu yake Sauti, na tarumbeta:
"Wanawake shupavu wa Lancashire
wanangojea neema kwa tabasamu!"
Vijana ambao hawakuwahi kukaa kwenye mtambo
walipiga makofi.

Sisi tulisoma.
Kodi ya nyumba, kwa shilingi na peni.
Jina la mwenye kiwanda, na rangi ya gari alilonunua
juma lile lile alilotufungia lango.
Jina la mtoto wa Maud Entwistle, na umri wake, miezi minne.
Sauti ilikuwa imeshafika kwenye mbio za farasi za kesho.

Na mwisho, kabla hawajamkata,
Ethel alitazama moja kwa moja kwenye kioo cha kamera,
akavuta midomo kama tunavyovuta
kuvuka kelele za mitambo mia nane,
bila pumzi, bila kitu cha kunaswa na waya wao:
"Mmekula?"

Safu tisa, gizani,
tukamjibu.